Fundo la Mkono wa Kushoto

Madarasa mengi ya shule za msingi tulizokuwa tukizizungukia hayakuwa na vioo madirishani. Kwa hiyo kazi yangu ya kwanza katika mazingaombwe ilikuwa kuziba madirisha. Mama alinipangia kanga 8 kwenye kikapu cha ukili, natangulia na baba asubuhi, tunaomba nyundo kwa mwalimu wa zamu, tunazitundika kwa misumari midogo mpaka darasa linakuwa na kiza cha magharibi. Baba anasimama pale atakapofanyia kazi, anageuza shingo taratibu, ananiambia, "Huku kunavuja. Na pale." Hakuwa anaogopa mwanga kutoka mbele. Aliogopa ule wa ubavuni, kwa sababu tundu dogo la kanga likipitisha mwanga kutoka pembeni linatosha kuung'arisha uzi mweusi, na uzi ukionekana onyesho limekwisha.

Kisha nasimama mlangoni na kopo la maziwa. Ilikuwa 1986, nina miaka 9, na kiingilio kilikuwa shilingi 1, ile yenye mkono ulioshika mwenge. Watoto wasio na kitu walibaki uani wakichungulia chini ya kanga. Baba akishaona darasa limejaa, ananikonyeza, nami nawaingiza wote wakae sakafuni.

Kabla ya chochote alikunja mikono ya shati hadi juu ya viwiko, akasema maneno ambayo sikuwahi kumsikia akiyapunguza hata siku moja. "Mimi si mchawi. Sina jini, sina hirizi, sina ndumba. Mtakayoyaona ni mikono yangu na macho yenu. Mikono hii imefanya mazoezi miaka 20, macho yenu hayajafanya hata siku moja, ndiyo maana nitawashinda." Watoto walicheka, walimu walipumua. Ndipo anameza sindano moja moja, anameza na uzi, anakunywa maji, halafu anauvuta ule uzi kinywani na sindano zote zimetungwa juu yake kama dagaa.

Tulikaa Ngamiani, Tanga mjini, kwenye zile barabara zetu za namba. Baba alijifunza ufundi huu kwa mzee mmoja wa Kihindi, fundi saa, aliyekuwa na picha ya P. C. Sorcar ukutani juu ya meza yake ya kazi. Sorcar alikuwa mwanamazingaombwe wa Bengal, mwenye kilemba cha kifalme, aliyezunguka nchi nyingi. Mwaka 1956 alimkata msichana katikati kwa msumeno kwenye televisheni ya Uingereza, kipindi kikakatizwa ghafla kwa kuishiwa muda, na watu wakapiga simu BBC kwa hofu kwamba msichana amekufa kweli. Alifariki Januari 1971 akiwa safarini Japani kwa maonyesho. Mwanawe alishika kazi na jina, akaitwa P. C. Sorcar Junior. Baba alipenda kunisimulia hiyo sehemu ya mwisho, halafu ananyamaza, nami nilijua anachotaka.

Baba alitumia mkono wa kushoto, mimi natumia wa kulia. Alinifundisha tukiwa tumekaa mkabala kwenye mkeka, kwa hiyo kwangu alikuwa kama kioo: alichofanya yeye kwa kushoto nilikifuata kwa kulia bila kufikiri. Mafundo tu ndiyo yaliyonishinda kugeuza. Nilifunga kama yeye, uzi ukizunguka kinyume na watu wengine wote wanavyozungusha. Nitalirudia hili la fundo.

Alifu kwa ujiti ya kazi yetu ni kulaza sarafu. Ndivyo tulivyokuita nyumbani. Sarafu inakaa katikati ya kiganja, imebanwa na nyama ya chini ya kidole gumba upande huu na nyama ya chini ya kidole cha mwisho upande ule. Ukibana sana, gumba linasimama na mkono mzima unaonekana umekakamaa. Ukilegeza, inaanguka. Alinianzisha na shilingi 5, ile ya zamani ya pembe 10, kwa kuwa pembe zinashika nyama. Nilipoizoea akaninyang'anya, akanipa ya shilingi 1, mviringo, ikawa kama sijawahi kujifunza. Nilitakiwa kukaa nayo kutwa nzima. Nichote maji bombani imo, nicheze gololi imo, niende dukani kununua mafuta ya taa imo. Ikianguka namwambia mwenyewe jioni, na kesho naanza kuhesabu upya. Siku 30 bila kuanguka zilinichukua karibu mwaka.

Nilifanya mazoezi mbele ya kipande cha kioo cha kabati kwa miezi kadhaa. Siku moja akakichukua. Nikadhani nimekosea. Akaniambia, "Unafumba macho." Kweli: kila nilipofika pale pa kuhamisha sarafu nilikuwa nikipepesa, mwili unajidanganya wenyewe usione kosa. Kioo kinakufundisha hivyo bila wewe kujua, na mbele za watu kule kupepesa kunawaambia saa ile ile kwamba kuna kitu kimefanyika. Tangu hapo kioo changu kikawa mama. Alikuwa akichambua mchele huku nikimfanyia, akiona ananiambia "nimeiona" bila kuinua kichwa.

Na kuna neno lake moja ambalo nadhani ndilo nusu ya ufundi wote: "Mtu hatazami unapomwonyesha. Anatazama unapotazama weye." Ukiutupia jicho mkono wenye sarafu, hata kwa kuiba, watu 200 wanautazama nao. Kwa hiyo lazima wewe mwenyewe uamini kwamba sarafu imeenda mkono ule mtupu. Uuangalie kwa mapenzi, uufumbe polepole, uupulizie. Mkono mwingine usahau kabisa.

Kuhusu fedha sina mengi. Tulipanda treni na mabasi kwenda Muheza, Korogwe hadi Mombo, tukipiga hesabu ya tarehe za mshahara kwenye mashamba ya mkonge. Baba aliukumbuka wakati wa neema, maana mwaka 1964 nchi hii ilizalisha zaidi ya tani 200,000 za mkonge. Katikati ya miaka ya 1980, nilipoanza kushika kopo, hata tani 50,000 hazikufika, na kambi nyingi tulizokwenda zilikuwa na nyumba tupu. Mkonge ulivyoshuka ndivyo na kopo letu lilivyoshuka. Ikabaki shule, sherehe, na jukwaa la hapa na pale mjini siku za sikukuu.

Waganga walikuja nyumbani tangu nikiwa mdogo. Tanga na Pangani zinajulikana kwa uganga, na wapo waganga wa mitishamba ninaowaheshimu hadi leo. Hawa ninaowasema ni wengine, wa kutoa vitu mwilini: msumari begani, mfupa tumboni, nywele kichwani. Mmoja nakumbuka alikaa barazani kwetu, akanywa kahawa vikombe vitatu ndipo akasema haja yake. Alitaka kufundishwa kulaza. Alikuwa tayari kulipa mbuzi wawili. Baba alimsikiliza mpaka mwisho, akamjibu, "Mgosi, mtu akitoka kwangu anajua kadanganywa na kafurahi. Akitoka kwako hajui." Yule bwana akaaga kwa heshima. Baadaye baba akanieleza kwamba iko Sheria ya Uchawi, ya tangu 1928 enzi za Mwingereza, inayomhesabia kosa hata anayejifanya tu kuwa na uwezo huo. Lakini hakuwa anaogopa sheria. Nilimwona usoni.

Alifariki 1999. Baada ya arobaini nilibeba kikapu cha kanga nikaenda shule moja upande wa Pongwe. Watoto wakaniuliza Profesa yuko wapi, maana ndivyo walivyomwita. Nikafanya kila kitu kama yeye: hatua zake, kofia yake, hata kile kikohozi chake kifupi kabla ya kufungua sanduku. Mwalimu mmoja mtu mzima, aliyemjua baba miaka mingi, akanifuata nikikusanya vitu. "Mwanangu, pole kwa msiba. Ila kikohozi cha marehemu kiache, unatutoa machozi."

Niliumia, kwa sababu sikujua kama nakohoa kwa kuiga. Usiku ule nikalifungua sanduku la zamani la baba, lile ambalo hakuwahi kunipa kulitumia. Chini ya sakafu ya pili ilikuwamo springi ya kitasa. Nilipoibonyeza ikalia: tak. Kikohozi kilikuwa cha kuufunika mlio ule. Sanduku langu mimi, nililolitengeneza kwa seremala wa Chumbageni, lilikuwa na bawaba za ngozi na halikuwa na springi. Nilikuwa nimerithi kifuniko cha mlio ambao haupo. Kwa miezi mingi baada ya hapo nilikaa na kila kitu cha baba nikijiuliza: hiki kilikuwa cha nini? Mengi nilipata jibu, mengine nikayaacha, na hapo ndipo kosa langu kubwa lilipoingia.

Niliyaacha yale maneno ya mwanzo.

Niseme nilivyofikiri, kwa sababu nilifikiri kwa makini na bado nikakosea. Televisheni ilikuwa imeingia bara tangu 1994, watoto walishaona vya Marekani, moshi na taa na watu wanapaa. Mimi nina kanga na kopo. Kumwambia mtazamaji tangu mwanzo kwamba ni mikono tu kulinionekana ni kuupoza moto kabla haujawaka. Nikanunua kanzu nyeusi. Nikawa naingia kimya, sisalimii, nawatazama muda mrefu. Mtu akiniuliza kama natumia majini, natabasamu na kunyamaza. Hofu ina soko. Ndani ya miaka miwili nikaitwa kwenye kumbi ambazo baba hakuwahi kuzikanyaga, na bei ikapanda mara tatu. Mama alikuja kuniona mara moja, hakuja tena. Nilipomuuliza akasema tu, "Watoto walikuwa wanalia, mwanangu. Wa baba yako walikuwa wanacheka."

Mwaka 2004 mganga mmoja alinijia. Sitamtaja. Alikuwa na maneno mazuri na aliweka shilingi 300,000 mezani kabla sijajibu. Nilikuwa na mtoto mchanga na kodi ya miezi minne. Nikamfundisha jioni nne, nyuma ya nyumba, kwenye mkeka ule ule. Nilimfundisha kulaza msumari, kuushika wembe na bakuli la maji kwa mkono mwingine ili macho yaende huko, kuuchomoza msumari ukiwa na maji na damu ya chale ili uonekane umetoka ndani. Alikuwa na mikono mizuri. Ili msumari usiteleze nikamwonyesha kuuvika uzi mweusi na kuufunga. Ya kwanza sita nilimfungia mwenyewe.

Mtaani kwetu alikuwapo mama mmoja akikaanga viazi karai, jioni, pembeni mwa barabara. Tangu nikiwa mtoto alinitilia kachumbari ya ziada. Mwaka uliofuata nikaona hajitokezi. Nikaenda kumwangalia na mkate wa sinia. Nikamkuta amekaa kitandani, amekonda, kanga imefungwa juu ya kifua kwa namna ya kuficha upande mmoja.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Nimepona sasa, alhamdulillahi. Nilikuwa nimetupiwa kitu hapa," akajigusa titi, "nikatolewa. Uvimbe wenyewe wataka muda tu, utanywea."

Akatoa leso chini ya mto. Ndani yake, msumari wa inchi 2 wenye kutu, umezungushiwa uzi mweusi.

Niliushika. Fundo lilikuwa limezungushwa kinyume.

Nimejaribu mara nyingi kueleza nilichohisi na sijaweza. Naweza kusema nilichofanya. Nilikaa chini sakafuni kwa sababu miguu ilikataa. Binti yake akaja kuuliza kuna nini. Nikamwomba alete maji bakulini. Nikamwambia mama wa viazi atazame mkono wangu, nikaupaka maji, nikaupitisha begani kwangu mwenyewe, nikautoa ule msumari "mwilini". Akaduwaa. Akasema, "Fanya tena." Nikafanya polepole. "Tena." Mara ya tatu niligeuza kiganja akaona msumari umelala pale ulipolala, kati ya nyama mbili, kabla haujatoka popote.

Alinyamaza muda mrefu. Halafu akaniuliza kitu kimoja tu: "Weye ndiye uliyemfundisha?"

Nikamwambia ndiyo.

Hakunitukana. Alimgeukia binti yake, akamwambia amtafutie gauni la kutokea na nauli. Siku ile ile alipelekwa hospitali ya Bombo, na baadaye akapewa rufaa kwenda Dar es Salaam, hospitali ya saratani ya Ocean Road. Wiki 7 zilikuwa zimepita tangu msumari ulipotolewa. Nilimuuliza daktari mmoja kama wiki 7 ni nyingi. Akanijibu kwamba kwa ugonjwa ule angetamani kumwona mapema zaidi kuliko hata huko. Mama wa viazi aliishi mwaka mmoja na miezi. Nilikwenda kila wiki aliyokuwapo Tanga. Mara nyingi tulizungumza bei ya viazi.

Nilirudi kwa yule mganga na fedha zile, nikiwa nimekopa. Alicheka, akaniambia ufundi haurudishwi. Hapo alisema kweli.

Katika miaka iliyofuata nilisoma kila nilichopata juu ya kazi hii, na nikakutana na habari ya Mfaransa Jean-Eugène Robert-Houdin, ambaye wengi wanamwita baba wa mazingaombwe ya kisasa. Harry Houdini, yule wa kujifungua minyororo, alijipa jina kutokana na lake. Robert-Houdin alikuwa fundi saa, kama yule mzee wa baba. Mwaka 1856 serikali ya Ufaransa ilimtuma Algeria, iliyokuwa koloni lake, akaonyeshe kwamba uwezo wa Wafaransa unazidi ule wa mashehe wa kule waliokuwa wakiheshimika kwa karama. Alikuwa na kasha dogo lenye chuma chini. Akamwita jukwaani mwanamume mwenye nguvu, yule mtu akaliinua bila shida, kisha Robert-Houdin akamwambia amemnyang'anya nguvu zake. Chini ya jukwaa pakawashwa sumaku ya umeme, na yule mtu hakuweza kulisogeza kasha hata kidogo. Mwishowe umeme ukapitishwa kwenye mpini, akapiga kelele, akakimbia. Robert-Houdin mwenyewe aliandika kwamba baadaye wakalimani waliwaeleza watu kuwa yote yale yalikuwa ni ufundi tu. Nimelisoma hilo mara nyingi. Baadaye. Yule mwanamume alikuwa ameshakimbia mbele za watu wake. Baba yangu, aliyeishia darasa la nne, aliyasema kabla, akiwa amekunja shati.

Nimeyarudisha maneno yake. Kanzu nyeusi niliigawa. Kumbi kadhaa ziliacha kuniita, nami sikulalamika. Nikaongeza jambo ambalo baba hakulifanya, na ambalo wenzangu kwenye fani wananilaumu kwalo hadi leo: mwisho wa kila onyesho la shule natoa msumari begani mwa mwalimu, halafu nawafundisha watoto jinsi unavyolala kiganjani. Wenzangu wanasema siri ikitoka, mkate wetu umetoka. Naielewa hoja yao na naishika kwa mengine yote. Sindano na uzi sijamwonyesha mtu nje ya nyumba yangu, na sanduku lenye springi nitazikwa sijalieleza. Lakini siri inayotumika kumchelewesha mgonjwa nyumbani siihesabu tena kuwa ni yetu. Ilishaibiwa, na mwizi alifunguliwa mlango na mimi.

Watoto wanaujua ufundi huu haraka kuliko nilivyoujua mimi. Mwaka jana, shule moja ya Muheza, msichana wa darasa la tano alinishika mkono baada ya onyesho, akanigeuza kiganja, akakikagua mbele na nyuma kama mnunuzi wa embe. Akaniomba nimpe ule msumari akamwonyeshe bibi yake nyumbani. Nikampa. Mkubwa wa shule aliniita ofisini, akaniuliza kama sioni hatari, wazee wa kijiji watasemaje. Tulizungumza saa nzima, kwa adabu, bila kuafikiana, kisha akanisainia barua yangu ya kibali.

Binti wa mama wa viazi ana karai lake sasa, pale pale pa mama yake. Baada ya arobaini alinipa kanga mbili za marehemu, akasema amesikia zangu zimechakaa. Mojawapo ina tundu la ukubwa wa punje ya mtama, mafuta ya moto yaliruka. Sikulishona. Ninapoitundika naiweka dirisha la nyuma, mgongoni mwa watoto, ambako mwanga ukipita haufiki kwenye uzi.